Nitaongea Mpaka Nyama Ipoe

Haya ni maneno niliyosema jioni moja Mbeya kabla ya kuwasha jiko, mbele ya majirani na marafiki waliotaka kujua wenzetu wa Sichuan, jimbo la China, wanaipikaje kitimoto. Nimeyaandika karibu na yalivyotoka mdomoni.

Wazee wangu, shikamooni. Mama zangu, shikamooni. Na ninyi vijana mliojibanza karibu na mlango ili mtoroke mapema, nimewaona; mambo?

Mnaiona hiyo sahani chini ya feni? Hicho ni kipande cha nyama ya nguruwe, paja la nyuma, kilo moja na robo, pamoja na ngozi yake. Kimetoka kwenye maji ya moto si muda mrefu, bado kinafuka mvuke. Siwezi kukikata. Nikikikata sasa hivi mafuta yataachana na mnofu, ngozi itavutika kama ndala iliyosahaulika juani, na chakula nilichowaitia kitakuwa kimeharibika kabla hakijafika karaini. Kwa hiyo nimepatana na mwenye nyumba hivi: nitaongea mpaka nyama ipoe. Ikipoa nanyamaza. Mkiona nimekuwa mrefu, mlaumuni nguruwe.

Kabla sijasahau: ndugu zetu ambao nguruwe hawamgusi, karai lenu ni lile jeusi la kushoto. Ni jipya, limenunuliwa jana, na ubao wake na kisu chake viko peke yake mezani kwa dada pale. Ninyi mtakula viazi mviringo vilivyopikwa kwa njia hiyohiyo. Msidhani tumewatengea makombo. Hata Sichuan kwenyewe viazi hupikwa hivyo, tena kwa viazi vyetu vya Mbeya sina wasiwasi hata kidogo.

Chakula chenyewe kinaitwa huiguorou. Hui ni kurudi, guo ni karai, rou ni nyama. Nyama iliyorudi karaini. Wageni wanaijua Sichuan kwa kuku wa karanga na kwa ile supu nyekundu inayochemkia mezani. Lakini mtoto wa Sichuan aliyekaa ugenini miaka miwili, ukimuuliza amekumbuka nini cha nyumbani, aghalabu atakutajia hiki.

Nilikionja kwa mara ya kwanza Chengdu, mji mkuu wa Sichuan, nilikokwenda kusoma mwaka 2017. Nilipanga chumba ghorofa ya sita, lifti hakuna. Mlango wa pili alikaa mama mmoja mstaafu, na jengo zima lilimwita Ayi. Nikadhani ndilo jina lake. Miezi mitatu nzima namwita Ayi kama mtu anavyoitwa Rehema, mpaka mwalimu wa lugha akanieleza kwamba ayi ni dada wa mama. Yaani mama mdogo! Nimepanda ndege mbili na ngazi za ghorofa sita kwenda kumkuta mama mdogo.

Mnaijua baridi ya hapa kwetu mwezi wa saba. Sasa iondolee jua, uiongezee unyevu, uiweke kwa miezi. Hiyo ndiyo Chengdu ya majira ya baridi. Jiji liko ndani ya bonde lililozungukwa na milima, mawingu yanakaa juu yake kama kifuniko, na Wachina wana msemo wa kale kwamba mbwa wa Shu, jina la zamani la nchi hiyo, hulibwekea jua kwa sababu hawajalizoea. Nguo ukizianika Jumatatu, Ijumaa bado zina majimaji. Kwenye hali hiyo nilikuwa nikipanda ngazi jioni moja, nikafika ghorofa ya nne, harufu ikanishika koo. Nikakohoa. Halafu mate yakanijaa. Ilikuwa inatoka mlangoni kwa Ayi.

Aliniona nimesimama pale kama mdai. Akanivuta ndani.

Sasa niwaulize ninyi mnaokaanga kitimoto kila Jumamosi: kwa nini nyama ichemshwe, ipozwe, ndipo irudi jikoni? Si ungeikaanga mbichi yakaisha? Nilimuuliza Ayi hivyohivyo, naye akanijibu kwa hadithi ambayo baadaye niliisikia kwa wengi wa huko. Wanasimulia kwamba asili yake ni tambiko. Kipande kizima kilichemshwa, kikawekwa mbele ya wazee waliotangulia, ubani ukafukizwa, watu wakainama. Wakimaliza, nyama imepoa, haina chumvi wala kiungo, na waliohai wana njaa. Nyama ya wazee haitupwi. Ikarudi karaini. Enzi hizo familia ya kawaida ilionja nyama tarehe 1 na 15 za mwezi mwandamo, na kuila kulikuwa na jina lake, da yaji, ambalo ukilifasiri kwa Kiswahili linakaribia kuwa kuyatambikia meno. Sisi tuliokua tukihesabu siku za Krismasi ili tuone mnofu tunajua ni meno gani hayo.

Hiyo ni hadithi. Jikoni kuna sababu nyingine. Nyama iliyochemka ikapoa hukaza, mafuta yake huganda, kwa hiyo unaweza kuikata nyembamba, milimita 2 au 3, kila kipande kikiwa na ngozi, mafuta na mnofu vimeshikana. Ngozi ilishalainika ndani ya maji. Ukirudisha vipande hivyo kwenye moto, mafuta yaliyomo ndani yanatoka taratibu, na nyama inajikaanga yenyewe. Wapika kitimoto wetu jambo hili la kumkaanga mdudu kwa mafuta yake wanalijua vizuri sana, sina la kuwafundisha. Tofauti ni ule mwendo wa kwanza. Sisi tunaanza na moto, wao wanaanza na maji.

Na nyama si yoyote. Bucha za Chengdu ukitaja huiguorou muuzaji anakata erdao, maana yake kisu cha pili: kile kipande cha paja la nyuma kinachofuata baada ya pigo la kwanza la kisu upande wa mkia. Wanasema mafuta manne kwa mnofu sita, upana wa vidole vitatu. Hapa Mwanjelwa nimemwelekeza kijana wa bucha kwa kidole kwenye paja langu mwenyewe, akacheka, lakini akanipa sawasawa. Mkikosa paja, nyama ya tumbo yenye matabaka inafaa, ila ina mafuta zaidi. Mnofu mtupu msithubutu. Utapata vipande vikavu vya kutafuna kama kamba ya katani.

Kwenye maji natia tangawizi iliyopondwa, kitunguu cha majani, na punje chache za huajiao, ambayo nitaieleza. Sitii chumvi. Hapa kuna jambo moja ambalo sikubaliani na wapishi wa Sichuan, na nimelisema hata kwa Ayi. Wao huitoa nyama ikiwa imeiva asilimia 80, wakitegemea karai limalizie. Mimi naichemsha mpaka iive kabisa, dakika 35 hadi 40 kwa kipande kinene kama hiki, mpaka kijiti kikipenya katikati na kutoka maji meupe yasiyo na wekundu. Sisi wa Nyanda za Juu tunafuga nguruwe wengi na tegu tunamjua. Nunueni nyama iliyopigwa muhuri wa mkaguzi, na ukiona ndani ya mnofu punje nyeupe kama za mchele, usiichukue hata ukipunguziwa bei. Kuiva kabisa hakuharibu ladha ya chakula hiki. Ayi alikunja uso, akasema nyama itakuwa imechoka. Nikamwambia bora ichoke nyama.

Na kwa kuwa tuko kwenye magonjwa, niseme na hili. Mwezi wa nane mwaka 2018 homa ya nguruwe ya Afrika iliingia China. Haimdhuru mtu, lakini nguruwe inawamaliza. Mwaka uliofuata bei ya nyama ilipaa, na huiguorou ya Ayi ikaanza kuwa na majani mengi na nyama ya kutafutwa kwa tochi. Nilisoma kwamba ugonjwa huo uliandikwa na wataalamu kwa mara ya kwanza kutoka Kenya, mwaka 1921. Sikumwambia Ayi. Angenidai.

Ngoja niiguse nyama. Bado. Nje imepoa, katikati ni moto. Tuendelee.

Pilipili. Watu wote wanadhani pilipili ni ya Sichuan tangu Adamu. Si yao, na wala si yetu. Ni mmea wa Amerika, uliotawanywa duniani na merikebu za Wareno na Wahispania baada ya mwaka 1492. Huko China mmoja wa waandishi wa mwanzo kuutaja ni Gao Lian, mwaka 1591, naye alisifia ua lake jeupe na tunda jekundu la kupendeza macho. Lilikuwa pambo! Sichuan ilichelewa kuipata, ikaja kuizoea katika karne za 18 na 19. Sasa sikilizeni wanavyoiita kwa lugha yao ya nyumbani: haijiao. Hai ni bahari. Pilipili ya baharini. Chengdu iko zaidi ya kilomita 1,000 kutoka bahari yoyote, watu wengi walikufa bila kuiona, lakini jina la mgeni lilibaki na njia aliyojia. Sisi tulifanya kinyume. Pilipili lilikuwa jina la pilipili manga ya Uhindi, mgeni alipofika tukamvika jina la mwenyeji, na mwenyeji akaongezewa manga ili wasichanganywe.

Lakini pilipili peke yake haipiki huiguorou. Roho yake imo kwenye chupa hii. Ipitisheni, kila mtu anuse, ila asiinamishe, mafuta yake hayatoki kwenye kitenge. Inaitwa doubanjiang. Ni rojo la maharage mapana, yale Waarabu wanayaita ful, pamoja na pilipili ndefu nyekundu, chumvi, na unga kidogo wa ngano. Inayosifika inatoka Pixian, pembeni mwa Chengdu, ambako siku hizi kiserikali ni Wilaya ya Pidu. Maharage yanamenywa, yanapakwa unga, yanaachwa yaote ukungu mzuri, yanalazwa kwenye maji ya chumvi. Pilipili inakatwakatwa na kutiwa chumvi kivyake. Halafu viwili hivyo vinakutanishwa kwenye mitungi ya udongo, na mitungi inakaa nje, uani.

Nilikwenda kuona, mwaka 2018. Uwanja mzima ni mitungi, safu kwa safu, kila mmoja na kofia yake ya pembe kama kofia ya mkulima wa mpunga. Mzee mmoja alikuwa akipita na mti mrefu, anafunua, anakoroga kutoka chini, anafunika, anakwenda wa pili. Nikahesabu: kila mtungi alitumia pumzi kama kumi hivi. Mitungi ilikuwa mamia. Wana kanuni yao ya kazi inayosemwa kama wimbo: jua likiwaka anika, mvua ikinyesha funika, mchana geuza, usiku acha umande uingie. Mwaka mmoja hivyo, na lile la thamani zaidi miaka mitatu, mpaka wekundu unageuka kuwa rangi ya tofali lililoungua. Ufundi huo uliingizwa mwaka 2008 kwenye orodha ya taifa ya urithi wa utamaduni wa China. Mimi naona walichelewa.

Chupa imefika wapi? Haya, mama, nimeona umekunja pua. Sikulaumu. Ikiwa mbichi inanuka kama viatu vya mwanajeshi. Subiri ikutane na mafuta.

Huajiao ni hizi punje zilizopasuka mdomo. Chukueni moja moja tu, mziweke mbele ya ulimi mzitafune. Msiogope. Kwanza harufu ya ganda la chungwa. Halafu… nawaona mnashika midomo. Ndiyo, ulimi unatetemeka kama mtu ameweka betri. Hiyo si pilipili, haiwashi. Inatia ganzi. Wachina wanatumia hiki kiungo tangu kabla pilipili haijafika kwao kwa karne nyingi. Tena ina ndugu zake huku kwetu: wazee wanaoujua mjafari, ule mti wa miiba ambao waganga wanatumia mizizi na magome yake, mti huo na huajiao ni wa jenasi moja, Zanthoxylum. Sijasema mkachume mjafari mtie kwenye mchuzi. Nimesema ni ndugu, na ndugu hawafanani tabia.

Karai likishashika moto sitaweza kuongea, kwa hiyo mtakayoyaona nayasema sasa.

Natia mafuta kijiko kimoja cha chakula, ya kuanzia tu. Vipande vya nyama vinaingia vyote, moto wa wastani. Mwanzo mtasikia kelele kubwa, maji yanayotoka kwenye nyama yanagombana na mafuta. Msinipe ushauri. Baada ya dakika mbili tatu kelele inashuka, inakuwa mchirizo mwembamba kama mvua ya mbali kwenye bati. Hapo ndipo angalieni vipande: vinaanza kujikunja, ukingo unainuka, katikati panabonyea. Wapishi wa huko wanaita umbo hilo kibakuli cha taa, kwa sababu ya visahani vidogo vilivyotumika zamani kuwekea mafuta na utambi. Nyama isiyojikunja ama ilikatwa nene, ama haina ngozi, ama mpishi ana haraka.

Kisha naisogeza nyama pembeni mwa karai. Katikati kitabaki kidimbwi cha mafuta meupe. Napunguza moto, natia doubanjiang, vijiko vitatu vya chakula kwa nyama yote hii. Hapa ndipo chakula kinapofaulu au kufeli. Rojo likitupwa kwenye moto mkali linaungua na kuwa chungu. Likichanganywa haraka na nyama linabaki na ule ubichi alioukunjia pua mama. Linatakiwa likaangwe polepole, kwa mwiko usiotulia, mpaka mafuta yawe mekundu na mng'ao wake uonekane. Harufu inageuka ghafla. Ile ya kiatu inaondoka, inakuja nyingine, na mtaijua. Hapo natia soya nyeusi zilizochachuka, zile ndogo kama mavi ya mbuzi, samahani kwa mfano, kijiko kimoja, rojo tamu la unga wa ngano kijiko kimoja cha chai, sukari kidogo. Asiye na lile rojo tamu aongeze sukari na matone ya mchuzi wa soya, mambo yatakwenda.

Chumvi? Hapana. Niliporudi nyumbani niliwapikia baba mdogo na wenzake wawili, nikataka kuonyesha nimesoma. Nikatia rojo lenye chumvi, soya zenye chumvi, mchuzi wa soya wenye chumvi, halafu mkono wa mazoea ukachota chumvi. Baba mdogo ni mtu wa heshima. Alikula mpaka mwisho, akanywa glasi ya nne ya maji, akaniuliza taratibu, "Mwanangu, hawa Wachina kila nyumba ina kisima?"

Mwisho ni majani. Sichuan wanatumia suanmiao, majani ya kitunguu saumu kikiwa bado kichanga. Sokoni hapa sijayaona yakiuzwa, lakini kuyapata ni rahisi: chukua punje za kitunguu saumu, zifukie kwenye ndoo yenye udongo dirishani, baada ya wiki chache unakata. Mimi leo natumia vitunguu liki, vimekatwa mshazari, sehemu nyeupe inatangulia kidogo, ya kijani inafuata, dakika moja tu, vitoke vikiwa bado na uhai. Najua kuna atakayesema, basi hiyo si ya kweli. Mkajibuni kwamba mwaka 1958 Chen Kenmin, mzaliwa wa Yibin huko Sichuan, alifungua mgahawa Tokyo, na kwa kuwa majani yale Japani hayakupatikana akatia kabichi. Leo Wajapani wanaipika nyumbani kwa kabichi na wanaiita hoikoro. Yeye Msichuani hakuona aibu. Mimi wa Mbeya nione kwa liki?

Italiwa na wali mweupe, mkavu, usiotiwa nazi wala mafuta. Nazi hapa itagombana na rojo. Ugali nimejaribu, si mbaya, ila ule mchuzi mwekundu mdogo unaobaki chini ya sahani unataka punje za wali za kuukusanya. Ndizi za kukaanga leo ziacheni.

Haya, niiguse tena. Kijana, njoo na wewe ubonyeze hapa kwenye mafuta. Unaona, hayabonyei tena, yameganda. Katikati je? Baridi.

Dada, naomba kisu kirefu, na karai lako la viazi liwashe tuanze pamoja. Ninyi wa mlangoni, fungueni huo mlango na madirisha yote mawili. Mtakohoa.